Manowari Kwenye Bwawa la Al Wukair

Kazi yangu Doha ilikuwa udereva wa nyumba, lakini ukiniuliza miaka ile niliendesha nini hasa, nitakwambia niliendesha meli. Manowari ya mvuke ya karne ya kumi na tisa, milingoti mitatu, dohani moja katikati. Niliitoa Al Wukair nikaipeleka Al Sadd na kuirudisha, wiki baada ya wiki, na nahodha alikaa kiti cha nyuma akinipa amri.

Nahodha mwenyewe alikuwa mzee wa Kizanzibari. Alikuja Ghuba akiwa kijana, akatengeneza injini za meli mpaka mgongo ukakataa, na sasa aliishi na binti yake, mwalimu wa shule ya msingi, kwenye kompaundi moja ya Al Wukair, nyumba kadhaa ndani ya ukuta mmoja. Siku hizo ng'ambo ya ukuta ilikuwa bado mchanga mtupu na winchi za ujenzi. Binti ndiye aliyeniajiri, na nilimwita Madam kama madereva wote wanavyosema. Baba yake nilimwita Mzee kwa siku chache, mpaka akaniambia wazee ni wale wanaokaa barazani bila kazi. Yeye ana kazi, kwa hiyo nimwite Babu.

Swali lake la kwanza kwangu halikuhusu leseni. Aliuliza kwetu ni wapi. Nikasema Kitale. Akauliza Kitale kuna bahari gani. Nikasema kuna mahindi. Akacheka mpaka akavua miwani.

"Mtoto wa bara huyu," akamwambia binti yake, "hajui omo wala tezi. Niachieni mimi."

Siku hiyo hiyo nikajifunza kwamba omo ni mbele ya chombo na tezi ni nyuma, na kwamba kuanzia leo buti ya gari letu inaitwa tezi. Sikukasirika. Shule niliiachia kidato cha pili, na bahari niliiona mara ya kwanza kwenye dirisha la ndege nikadhani ni anga nyingine imetandikwa chini. Nilifurahi kupata shule tena, ya bure, na yenye AC.

Safari zetu za Al Sadd zilikuwa za kliniki ya macho. Babu alikuwa na presha ya macho, ule ugonjwa unaoanza kula kuona kwako pembeni, kisha unakuja katikati polepole bila maumivu yoyote. Mwenyewe alisema ni kama mtu anakufungia mlango taratibu ili asikuamshe. Nesi wa pale alikuwa Mkenya mwenzangu, dada mmoja wa Meru aliyependa kumtania Babu kwa Kiswahili chake cha pwani. Siku moja Babu akamuuliza, bila utani, amebakiwa na muda gani.

Dada wa watu akaweka kando chupa ya dawa. "Babu, sikudanganyi," akasema. "Dawa inalinda kilichobaki. Kilichokwenda hakirudi. Kama kuna kitu unatamani kukiona, kione sasa, usingoje mwaka kesho."

Ninasema mapema ili usije ukasubiri muujiza: nesi alisema kweli, na mlango ule ulikuja kufungwa. Lakini haukufungwa siku ninazozisimulia, na hizo ndizo ninazozipenda.

Tukiwa njiani kurudi, karibu na mzunguko mmoja wa barabara uliokuwa ukivunjwa ziwekwe taa, Babu akaniambia kitu anachotamani kukiona. Hakikuwa Unguja, wala wajukuu walioko Maskati. Alitaka kuiona manowari yake ikienda majini kwa mvuke wake yenyewe.

Manowari hiyo ilikaa stoo, kati ya mapipa ya maji ya kunywa na mashine mbovu ya kufulia. Alikuwa ameijenga kwa miaka mingi kwa mikono yake, urefu wake kama kitanda cha mtoto. Mwili wa mbao uliopakwa rangi nyeupe, boila ya shaba, injini halisi yenye pistoni mbili zisizozidi vidole vyangu. Mizinga yake ingetoshea kwenye kiganja. Kila ilipokaribia kumalizika alikumbuka kitu kilichopungua, mara mashua za pembeni, mara nyavu za kuwekea vitanda vya mabaharia, na hivyo moto haukuwahi kuwashwa hata siku moja. Sasa vitu vya kupungua vilikwisha ghafla. Alichotaka ni moto.

Nusu ya habari za meli ile aliipata kwa bibi yake, nusu kwenye karatasi ambazo Madam alimchapishia kutoka mtandaoni, na nusu ya tatu, nadhani, aliitia chumvi mwenyewe. Foleni za Doha za wakati ule zilimpa nafasi ya kutosha. Barabara nzima imechimbwa, mabasi ya wafanyakazi yamesimama kushoto na kulia, na mimi nashikilia usukani huku nasikiliza jinsi ilivyozaliwa kwenye karakana ya Uingereza, nyeusi tii kuanzia omo hadi tezi, watu wakirusha kofia juu ilipoteleza kuingia majini. Ilianza kazi kwenye bahari za baridi, ikilinda samaki wa Mwingereza wasivuliwe na wengine. Babu aliidharau kidogo sehemu hiyo. Manowari nzima, alisema, kuchunga samaki.

Kisha ikapitia mfereji wa Suez kuja kwetu. Kwenye maji ya joto ikapakwa rangi nyeupe ili jua lisiwachome waliomo ndani. Rangi ikasaidia juu. Kule chini kwenye tanuri haikusaidia kitu. Watia makaa wa Kiingereza walizimia kwenye Bahari ya Shamu, wakawa wanavutwa juu kwa kamba na kumwagiwa maji kama nguo. Ilipofika Unguja nahodha akatangaza anataka wanaume wenye nguvu wasioogopa joto. Akapanda, pamoja na wenzake, kijana mmoja mpagazi wa bandarini, aliyeletwa kisiwani mtoto mdogo kutoka bara akiwa amefungwa, na baadaye akaachwa huru. Huyo ndiye babu mzaa baba yake Babu.

Mabaharia walishindwa kutamka majina ya watu wetu, wakawapa ya kuchekesha, ya kamba na sufuria na mboga, na ndiyo yaliyoandikwa kwenye daftari la meli. Jina halisi la yule mtia makaa watu wa ukoo wake wanalijua. Babu aliniambia. Sitaliandika hapa, ni la kwao.

Nilimuuliza kama meli ilipigana vita. Akasema ilipiga ngome moja mizinga ikakosa, na mara nyingine ilipiga mizinga ya heshima kumsalimu mfalme fulani, sahani zake zenyewe zikavunjika jikoni. Lakini kazi yake kubwa ilikuwa kuvizia vyombo vya kubeba watumwa. Yenyewe ilisimama mbali, ikashusha mashua ziingie kwenye vijito vya Pemba. Mtia makaa hakuona mambo hayo. Alikuwa chini, ana koleo na moto. Aliyajua kwa kengele tu: kengele ya kuongeza mvuke, ya kupunguza, ya kusimama. Kisha kimya. Kisha, juu ya kichwa chake, kwenye mbao za sitaha, anasikia miguu midogo inatembea. Miguu ya watoto.

Hapo Babu alivua miwani, akaifuta kwa kanzu.

"Aliisukuma ile meli ujana wake wote," akasema halafu, "na hakuiona ikienda hata siku moja. Mtu aliye ndani haioni."

Mimi nina machozi ya karibu, mama yangu anajua. Nikawasha vifuta kioo, na mvua yenyewe hakuna. Babu akauliza hiyo ni nini, nikasema vumbi.

Tangu siku hiyo jambo lile likawa langu pia. Nililala kwenye chumba changu cha karibu na geti nikiiona manowari ikitoka Mombasa na mimi juu ya daraja la nahodha, nimevaa nyeupe, mama yangu anapunga leso kutoka gatini. Ukweli ni kwamba mama hajawahi kufika Mombasa, lakini ndoto haidai nauli. Mlinzi wa geti, Mganda mmoja mrefu kama mlingoti mwenye sauti ndogo, aliniona nikitembea kompaundi nikitoa amri peke yangu, akanipa cheo. Nahodha wa mchanga. Kila nilipotoka na gari alipiga saluti kwa mkono wa kushoto.

Shida ya kwanza ilikuwa moto wenyewe. Boila ilitengenezwa kwa taa ya spiriti, na spiriti Doha si kitu cha kwenda kununua dukani kama chumvi. Hata ingepatikana, Babu mwenyewe hakutaka. Alisema hatawasha manowari ya babu yake kwa pombe. Madam naye hakutaka moto wa aina yoyote karibu na baba yake, kwa sababu alikwishajichoma vidole kwa lehemu zaidi ya mara moja, akavificha mezani chini ya kitambaa kama mtoto.

Jibu lilitoka sebuleni. Jioni moja Madam alitarajia wageni, akawa anafukiza nyumba udi kama desturi ya huku. Akachukua kidonge cha makaa, vile vidonge vyeusi vya mviringo vinavyouzwa kila bakala, yaani duka la mtaani, akakishika kwa koleo juu ya jiko. Kikarusha cheche pembeni, kikashika moto chote mara moja. Nilikuwa nimesimama mlangoni na mifuko ya sokoni. Nikaiweka chini.

"Babu," nikasema, "makaa haya hapa."

Babu akaomba kidonge kimoja, akakipapasa, akakinusa. Akasema meli ya babu yake ililishwa makaa ya Aden, mengi yakiwa vumbi na mawe. Haya ni ya kifalme. Madam akatutazama sote wawili. Nadhani alitaka kukataa, lakini baba yake alikuwa ameshika kile kidonge kwa mikono miwili kifuani. Akatoa sharti moja tu, kwamba moto hauwashwi yeye akiwa hayupo.

Tukavunja vidonge kwa koleo mpaka vikawa vipande kama maharagwe. Mlango wa tanuri ulikuwa mdogo, nikawa natia makaa kwa kijiko cha chai, na kupepea kwa kipande cha boksi. Kupepea ndiko ninakokujua. Jiko la mama nililiwasha uwanjani kwenye upepo wa Elgon tangu nikiwa mdogo. Babu akafundisha mengine: maji yajae wapi, vali ifunguliwe lini, mafuta yawekwe wapi. Alipapasa kila bomba bila kuangalia, na mara nyingine niligundua amefumba macho kabisa.

Tulichagua Ijumaa baada ya sala ya alasiri. Ilikuwa Januari, na bwawa la kompaundi halina mwogaji Januari. Mlinzi alisema Ijumaa jioni bwawa ni nchi yake na hahitaji kuomba visa kwa mtu. Akakunja suruali mpaka magotini akasimama kwenye ngazi za upande wa pili, tayari kuipokea. Babu alikaa kwenye kiti cha plastiki ukingoni, kanzu safi, kofia ya viua. Madam alisimama nyuma yake na ndoo ya mchanga, ya kuzimia moto.

Ile meli halisi ilikuwa na desturi moja ambayo Babu aliipenda kuliko zote. Makaa yalikuwa ghali, na wakubwa waliokaa ofisini walimnung'unikia nahodha aliyeyachoma ovyo. Kwa hiyo upepo ukiwa mzuri walizima moto, wakashusha dohani ikaingia ndani kama darubini, wakaivuta juu rafadha, yaani propela, ikaingia kwenye kishimo chake isikokote maji, kisha wakapandisha matanga. Upepo ukikata, kila kitu kinarudishwa kwa amri moja: dohani juu, rafadha chini. Babu alikuwa ameyaweka hayo yote kwenye meli yake. Ilikuwa na vipini vidogo viwili, na stooni rafadha ilikaa juu siku zote isije ikavunjika.

Mvuke ukapanda. Babu akaita, "Dohani juu." Nikainua dohani. Moshi ukatoka, mlinzi akapiga makofi kule, mimi nikapiga kelele za furaha, na katika furaha hiyo nusu ya pili ya amri haikusemwa na mtu. Babu alidhani nimeishusha. Mimi nilidhani yeye ameishusha alipokuwa anapaka mafuta. Nikafungua vali, injini ikalia, nikaisukuma kidogo kutoka ukingoni.

Ikaenda. Polepole, lakini ikaenda, matanga yamefungwa, bendera ndogo inapepea.

"Imetembea, mzee wangu," mlinzi akaita. "Imetembea."

Babu akainua kiganja. Akainamisha kichwa upande mmoja.

"Hiyo injini haibebi kitu," akasema. "Inazunguka bure. Huo ni upepo."

Mimi dereva, na sikuisikia. Injini ilikuwa inalia kwa ile sauti nyepesi ya gari lililokanyagwa mafuta likiwa gia huru. Meli ikageuka ubavu, ikasukumwa na upepo hadi kwenye pembe, ikakaa pale inahema. Mlinzi alicheka mpaka akashuka ngazi moja zaidi bila kukusudia, suruali ikalowa. Akasema amewahi kuona gari bila petroli, na mshahara bila tarehe, lakini meli bila propela ni ya Kenya tu. Babu naye akacheka. Akasema mtia makaa amefanya kazi yake vizuri mno, waliolala ni wa juu.

Tukashusha rafadha, tukaongeza maji na vijiko vichache vya makaa, nikapepea. Safari hii nilipofungua vali sauti ilikuwa nzito, tofauti kabisa, kama mtu anayepanda mlima na mzigo na anaujua mlima. Nyuma ya tezi maji yakachemka. Niliondoa mkono. Manowari ikaenda mbele dhidi ya upepo, imenyooka, ikakata bwawa kutoka kwetu mpaka kwenye mikono ya mlinzi. Hakuna aliyecheka sasa. Madam aliweka ndoo chini.

Niligeuka kumtazama Babu. Alikuwa ameegemea mbele, mikono magotini, anatafuta. Uso wake ulikwenda kushoto, ukaenda kulia.

"Iko wapi?" akauliza.

Nikamshika mkono, nikanyoosha kidole chake kuelekea ilipo. Ilikuwa imefika katikati, mlinzi akiirudisha, nyeupe juu ya maji meupe ya bwawa, na jua la alasiri limelala juu yake. Hata mimi nilikunja macho. Babu alijaribu, kisha akajaribu tena. Akatuomba tumwambie tunachoona. Tukamwambia, kila mtu kwa zamu yake, mlinzi na Kiswahili chake cha Kampala, Madam na chake kilichochanganyika Kiarabu. Alisikiliza mpaka mwisho, akatushukuru mmoja mmoja, kwa adabu. Ile adabu ndiyo iliyoniuma. Ningependa angetutukana.

Wiki iliyofuata tulikwenda kliniki bila hadithi. Nilikuwa na wazo nikaogopa kulisema, na nilipolisema lilitoka bila kona.

"Babu, tuipake nyeusi. Kama ilivyozaliwa."

Akasema haiwezekani. Babu yake alipanda meli nyeupe. Ikiwa nyeusi ni meli ya kule kwenye baridi, ya kuchunga samaki, mtu wa kwao hayumo ndani.

"Lakini yeye hakuiona, Babu," nikasema. "Alikuwa chini. Kule chini rangi ilikuwa ni moja tu."

Nilitamani nilimeze neno langu papo hapo. Babu akageukia dirishani. Tulifika Al Sadd, tukangoja zamu, nesi akamtania, hakumjibu naye. Nesi akaniuliza kwa macho nimemfanya nini babu wa watu. Tukarudi garini. Nikawasha injini nikiwa nimeshaanza kufikiria safari ya kurudi Kitale.

"Bin Mahmoud kuna duka la rangi," Babu akasema kutoka nyuma. "Mbele, polepole."

Niliendesha mpaka Fereej Bin Mahmoud kama mtu aliyebeba mayai. Tukanunua rangi nyeusi, ile inayong'aa, na ya manjano kwa ajili ya dohani. Niliipaka mimi, stooni, kwa siku kadhaa, na Babu alikaa kwenye pipa akinipa sehemu ya mwisho ya maisha ya meli, ambayo siku zote aliiruka. Ilipochakaa waling'oa injini, wakaondoa milingoti, wakaifunga bandarini kuwa ghala la makaa ya kulisha meli nyingine. Mwishowe ikauzwa ikavunjwa mbao. Nikasema ni mwisho wa kusikitisha. Babu akasema si sana, maana ilikula makaa ya watu maisha yake yote, haki yake na yenyewe kulisha wengine. Halafu akanionyesha mahali nilipopaka vibaya, kwa kupapasa.

Ijumaa ya pili upepo ulikuwa mdogo. Mlinzi alikuja na suruali fupi, amejifunza. Nilipokuwa napepea, Madam akatoka ndani na kijaluba chake cha udi, ule wa bei, wa harusi na Idi. Alichukua vipande kwa ncha za vidole akavitia mwenyewe juu ya makaa ndani ya tanuri, akapangusa mikono kwenye abaya. Moshi wa buluu ukapanda kwenye dohani ya manjano, mzito, wa kuonekana, na kompaundi nzima ikanukia kama kuna bibi arusi anatolewa.

"Dohani juu," Babu akaita.

"Juu."

"Rafadha chini."

Tukajibu mimi na Madam kwa pamoja, chini, na mlinzi kutoka ng'ambo akajibu pia, ingawa hakuwa na kipini chochote cha kushusha.

Nikafungua vali, nikaondoa mkono. Ile sauti nzito ikaanza. Nyeusi ilikaa juu ya maji yale kama wino. Niliapa sitamtazama Babu, nikamtazama. Alikuwa ameegemea mbele kama mara ile, mikono magotini, lakini uso haukutafuta. Ulikwenda kushoto kwenda kulia polepole, kwa mwendo ule ule wa meli.

"Inakwenda," akasema. Hakusema kwa nguvu. "Ile pale. Inakwenda. Moshi unarudi nyuma." Yeye ndiye aliyekuwa akitusimulia sisi tulio na macho. "Sasa yule mrefu ameinama. Ameishika. Anaigeuza. Haya, iache, iache ije."

Mlinzi akaiachia. Ikaja moja kwa moja kuelekea kiti cha plastiki, povu jeupe kidogo kwenye omo, na Babu akavua viatu bila kuondoa macho, akatia miguu majini, kanzu na yote, maji ya Januari. Binti yake alishtuka akataka kumshika, kisha akaacha. Manowari ikafika ikamgonga muundi wa mguu, ikaendelea kusukuma pale pale, tuk tuk tuk, haitaki kusimama.

"Kumbe ndivyo ilivyokuwa ikienda," Babu akasema.

Madam alikaa chini ukingoni karibu naye, akatia miguu yake pia. Wakaigeuza pamoja, wakairudisha kwa mlinzi, na mlinzi akairudisha kwao. Ilikwenda ikarudi, ikaenda ikarudi. Kila ilipopunguza mwendo Madam mwenyewe alichukua kipande cha boksi akapepea, nywele zimetoka kwenye mtandio, akisema hiyo ni ya mwisho, na ikifika akasema basi moja tu tena. Watoto wa kompaundi walitoka, na mama zao, na mpishi mmoja wa Kinepali mwenye unga mikononi. Nikatia kijiko cha makaa, nikatia kingine, mpaka kijiko kikakwaruza ndani ya boksi tupu la makaa.

"Makaa yamekwisha, Babu."

Hakunitazama. Alikuwa na kazi. "Sasa unangoja nini hapa?" akasema. "Kimbia."

Nikakimbia. Nilikuwa na gari na funguo mfukoni, na haikunijia akilini kuzitumia. Nilitoka getini na ndala, nikakata mchanga mpaka bakala, nikakusanya juu ya kaunta vidonge vyote vya makaa alivyokuwa navyo mwenye duka. Alikuwa mzee wa Kerala aliyetufahamu. Akaninusa, nguo zangu zote zilikuwa udi mtupu, akaniuliza kwa Kiarabu chetu cha dukani harusi iko kwa nani.

Nikamwambia iko bwawani, afunge duka aje. Akacheka, akatikisa kichwa. Nilikuwa nimeshafika barabarani na boksi kifuani niliposikia nyuma yangu mlango wa chuma wa duka ukishushwa.